Uzi: Falsafa za kubuni zinakufa kwa sababu tunaandika majibu badala ya ugomvi. Nimeleta moja, ipasueni

#1 Kamba Tatu

Wakuu, habari za muda huu.

Humu wajenzi wa dunia za kubuni tuko vizuri. Tuna majoka, tuna lugha zenye ngeli kumi na nane, tuna ramani zenye mito inayopanda mlima (wahusika mnajijua). Ikifika falsafa sasa: mzee mwenye ndevu anatoa methali sita, wanafunzi wanaitikia, basi. Hiyo ni kalenda ya ukutani. Dai langu ni kwamba mbunifu anaandika majibu, haandiki ugomvi, ndiyo maana falsafa yake haisimami.

Naweka yangu mezani. Kuna bonde ambalo sauti hurudi baada ya siku 40. Si sekunde, siku. Ulilosema leo, siku ya 40 saa ileile linarudi kwa sauti yako mwenyewe. Pembeni mwa bonde wapo watu waliolifikiria jambo hilo kwa karne kadhaa, nawaita Wana-Mwangwi. Msingi wao ni sentensi tatu:

1. Neno halijawa neno mpaka lirudi.
2. Asemaye siye asikiaye.
3. Kimya hakirudi.

Naona kabisa kwamba bado inanuka methali. Karibuni.

#2 Msomaji Kimya

Nakaa mkao wa kula, wajuvi wanakuja.

#3 Fundi Sanifu

Kabla ya falsafa, hesabu. Kwenye hewa ya nyuzi 20 sauti inakwenda mita 343 kwa sekunde. Siku 40 ni sekunde 3,456,000. Ukizidisha, ukuta unaorudisha hiyo sauti uko umbali wa kilomita 1,185,408. Hilo bonde halienei kwenye sayari, mkuu.

#4 Bundi Mchana

Fundi, umehesabu kwenda, hukuhesabu kurudi. Gawa kwa mbili: 592,704. Bado ni zaidi ya mara moja na nusu ya umbali wa Mwezi, lakini angalau tukosee kwa usahihi. Mwangwi wa kawaida unataka ukuta ulio umbali wa kama mita 17 tu, hapo sikio linaanza kutenganisha iliyokwenda na iliyorudi.

Kwa hiyo bonde ni uchawi, na sawa, dunia ya kubuni ina haki ya uchawi mmoja. Ushauri wangu kwa mleta uzi ni kwamba usiueleze. Waache Wana-Mwangwi wenyewe wagombanie sauti inalala wapi zile siku 39. Ugomvi wa kwanza umeupata bure.

#5 Fundi Sanifu

Nimekubali, nilikwenda bila kurudi.

#6 Bibi Hoja

Ugomvi wa #4 upo kwenye historia, hauhitaji hata kubuniwa. Kule India watu wa Mimamsa, shule ya falsafa ya Kihindu, walishikilia kwamba neno ni la milele: ukitamka hulizalishi, unalidhihirisha, kama taa inavyokuonyesha chungu kilichokuwamo gizani muda wote. Watu wa Nyaya, shule ya mantiki, wakasema hapana, sauti inazalishwa, na kinachozalishwa hufa. Na si kwamba walikuwa na muda wa kupoteza. Mimamsa walitaka Veda, maandiko matakatifu ya Kihindu, ziwe hazina mtunzi, kwa hiyo neno likifa nao wamekwisha. Kamba Tatu, hicho ndicho kinachokosekana kwako. Kila upande uwe na kitu cha kupoteza.

Sasa namna ya kubishana. Nyaya walikuwa na hoja ya viungo vitano, na mfano wao maarufu ni methali yetu ileile, pafukapo moshi pana moto. Ukiihamishia bondeni inakuwa hivi:

Dai: sauti hii ilikuwa inakaa bondeni.
Sababu: kwa kuwa imerudi.
Kanuni na mfano: kila kinachorudi kilikuwa mahali, kama mbuzi jioni.
Matumizi: na sauti hii imerudi.
Hitimisho: kwa hiyo ilikuwa inakaa bondeni.

Wabunifu wengi wanaharibu kwenye kiungo cha tatu, wanaweka mfano wanaoukubali wenyewe tu. Kwa Nyaya mfano lazima ukubaliwe na pande zote mbili, la sivyo hoja inafia hapo. Mpinzani hana haja ya kugusa dai, anauvamia mfano: "Homa nayo hurudi. Ilikuwa imekwenda malishoni?" Hapo umepata karne nzima ya vitabu.

#7 Mchokozi

Bibi, hiyo ya homa naiba.

Ila wote mnazunguka. Hoja na ugomvi ni mapambo, kwanza niambieni hawa watu wanakula nini. Zeno, mwasisi wa falsafa ya Wastoa, alifundishia kwenye ukumbi wa hadhara Athens kama mwaka 300 KK, na jina la Stoa ni jina la ukumbi, si la wazo. Mwanafalsafa mwenzake Epicurus alikuwa na bustani yake, watu wanaishi humo, wanawake na watumwa wamo. Mahali na chakula vinaamua nani anasikia, na anayesikia anaamua kitakachosemwa. Wafuasi wa mwanafalsafa Mozi kule China walikuwa mafundi wa kulinda miji. Kisa kinasema Mozi alivua mshipi akaulaza uwe ukuta wa mji, fundi wa upande wa pili akaushambulia mara tisa kwa zana za mfano, naye akazuia mara tisa. Falsafa yao ya kupinga vita vya uvamizi ilikuwa na karakana nyuma yake. Kaizari wa Qin alipowaua wote, falsafa ikafa.

Kwa Wana-Mwangwi wape kazi ya ushahidi. Neno halijawa neno mpaka lirudi, maana yake deni halijawa deni mpaka siku ya 40. Mkopeshaji anamlipa Mwana-Mwangwi aende kusikiliza. Anakula kwa sikio lake.

#8 Bundi Mchana

Mchokozi, sahihisho. Qin iliunganisha China mwaka 221 KK, na wafuasi wa Mozi wakafifia kipindi hicho, hapo sawa. Lakini kwamba waliuawa wote ni chumvi yako. Maelezo yanayotolewa ni mengi: miji midogo ya kulindwa ilikwisha kwa hiyo kazi ikaisha, na sehemu ya mafundisho yao ikamezwa na wengine. Tena hiyo ingekusaidia zaidi kwenye hoja yako ya chakula kuliko mauaji, shangaa mwenyewe.

#9 Fundi Sanifu

Ushahidi wa #7 una tatizo la foleni. Chukua mtu mmoja pumzi moja, sekunde 8, halafu kimya cha sekunde 22 ili asichanganyike na anayefuata. Nafasi ni ya nusu dakika, kwa saa ni watu 120, kwa mchana wa saa 12 ni watu 1,440. Safi. Lakini siku ya 40 sauti zote 1,440 zinarudi saa zilezile, na wasemaji wapya wamesimama palepale wanasema juu yake. Hakuna shahidi atakayesikia kitu.

Nikajaribu majira: siku 40 za kusema, siku 40 za kusikia. Ikakaa vizuri mpaka nikakumbuka kwamba mwangwi nao ni sauti, bonde litaurudisha tena. Mwangwi wa mwangwi unaangukia siku ya 80, yaani majira ya kusema tena. Hata ukiupunguza nguvu kila mzunguko, bonde halinyamazi kamwe.

Njia niliyobaki nayo: nafasi ziachwe wazi makusudi. Nusu dakika yako ya saa nne asubuhi, ukishaitumia, haitumiki na mtu mwingine mpaka sauti yako ife kabisa. Basi nafasi inakuwa mali. Inarithiwa, inakodishwa, inaibiwa. Mtu tajiri ni yule mwenye asubuhi nyingi.

#10 Kamba Tatu

Fundi shukrani, "mwenye asubuhi nyingi" imeingia moja kwa moja. Nagundua pia sentensi ya tatu imebadilika. Kama bonde halinyamazi, kimya ni kitu ambacho hakuna Mwana-Mwangwi aliyewahi kukisikia. Wanakihubiri bila kukijua.

#11 Mwanasarufi

Mmeacha dhahabu kwenye sentensi ya kwanza. "Mpaka lirudi." Kurudi ni nini? Mtu anarudi, anarejea alikotoka. Nguo imerudi, imefuliwa ikafupika. Mrudi mwanao, yaani muadhibu, muonye. Kitenzi kimoja, madhehebu matatu:

Wa kwanza wanasema neno ni neno likirejea. Hao ni mashahidi wa Mchokozi.

Wa pili wanasema neno ni neno likifupika. Unachosema bondeni ni kitambaa kibichi, kinachobaki baada ya siku 40 ndicho ulichosema. Mengine yalikuwa maji.

Wa tatu wanasema neno ni neno likimrudi mwenyewe, likimuonya. Kama halijakuuma siku ya 40, hukusema kitu.

Msiwape vitabu vitatu. Wapeni sentensi moja na walimu watatu.

#12 Bibi Hoja

Hapo ndipo nilitaka tufike. Mapokeo mengi ya India yamejengwa hivyohivyo: sutra fupi mno, ya kushikwa kwa moyo, karibu haieleweki peke yake, kisha maelezo, kisha maelezo ya maelezo. Sutra za Nyaya zina Gautama aliyezitunga, juu yake maelezo ya Vatsyayana, juu yake Uddyotakara akiwajibu wapinzani wa Kibuddha waliomshambulia Vatsyayana. Ufupi ule si hekima, ni ufundi wa kumbukumbu, na utata ni gharama yake. Mbunifu anayetaka kuiga aandike sentensi zisizozidi maneno sita, azisome wiki nyingine, na atupe kila moja ambayo inakubali maana moja tu.

#13 Jiwe la Pembeni

Mwanasarufi, dhehebu lako la pili lina hitilafu. Mwangwi wa kawaida hufupika kwa kuwa wewe bado unasema, sauti yako inafunika mwanzo wa inayorudi, unasikia mkia tu. Baada ya siku 40 umeshanyamaza zamani. Hakuna cha kufunika. Sentensi itarudi nzima.

#14 Mwanasarufi

Kweli kabisa, kufunika kunatoka. Lakini kuna sababu nyingine. Hewa hula sauti kali kuliko sauti nzito. Kadiri safari inavyorefuka ndivyo s, f na sh zinavyoliwa, na h ni pumzi tu, haina hata pa kujishikia. Vokali zinafika, pumzi haifiki.

Sasa angalieni kinachotokea kwa Kiswahili. Shahidi amesimama, msemaji alisema "Jirani hatalipa". Toa h. "Jirani atalipa." Herufi moja, deni limegeuka. Na haigeuki kila mahali: "hakulipa" bila h ni "akulipa", inajulikana imejeruhiwa. "Hawatalipa" inakuwa "awatalipa", hivyohivyo. Ni nafsi ya tatu umoja, wakati ujao, peke yake. Bonde linasema kweli kuhusu jana na linadanganya kuhusu kesho. Hiyo ni falsafa nzima imekaa ndani ya herufi moja.

#15 Jiwe la Pembeni

Umeisahau -nge-. "Hangelipa", "angelipa".

#16 Mwanasarufi

Ahsante. Ingawa wengi husema "asingelipa", na hiyo inapona. Lakini inanisaidia: ujao na masharti, yote mawili ni mambo ambayo hayajatokea.

#17 Sikio la Kufa

Na "hana deni"? Toa h. "Ana deni." Hiyo ni sasa hivi, mwalimu, si kesho.

#18 Mchokozi

Falsafa nzima imekaa ndani ya herufi moja, imedumu mabandiko matatu 😂

Na wale wasiotamka h tangu kuzaliwa? "Atalipa" yao ni ipi? Hao wakienda bondeni wanarudi kama walivyokwenda. Ndio watakatifu pekee wa dini yenu.

#19 Bundi Mchana

Msicheke sana, Sikio la Kufa ameua nadharia lakini ameacha mzoga mzuri. Aristotle aliuliza: kauli kwamba kesho kutakuwa na vita vya majini, leo ni kweli au si kweli? Ikiwa tayari ni kweli, hakuna wa kuizuia. Ikiwa si moja kati ya hizo, tumevunja kanuni kwamba kila kauli ni kweli au uongo. Wana-Mwangwi wana toleo kali zaidi. Mlinzi anasema bondeni "adui hatakuja". Siku ya 40 bonde linasema "adui atakuja". Mji ufunge lango? Wa kwanza wa #11 watasema mlinzi hakuwa amesema neno bado, sasa ndiyo limekuwa. Wa tatu watasema linamuonya mlinzi, si mji.

Ila napinga kitu kimoja. Tusitoe falsafa ya watu kwenye sarufi yao halafu tukajiona tumemaliza. Alexis Kagame, mwanafalsafa wa Rwanda, mwaka 1956 alipanga uwepo wote kwenye mafungu manne ya Kinyarwanda: umuntu, ikintu, ahantu, ukuntu (mtu, kitu, mahali, namna). Kazi nzito. Lakini Paulin Hountondji, mwanafalsafa wa Benin, aliwauliza wote wa njia hiyo: sarufi ni ya kila mtu, je, aliyefikiri ni nani? Kama kila mzungumzaji ni mwanafalsafa kwa kufungua kinywa tu, hakuna anayeweza kukosea, na pasipo kukosea hakuna hoja.

#20 Mwanasarufi

Sikusema sarufi ndiyo falsafa. Nimesema sarufi ndiyo inayoamua watajikwaa wapi. John Mbiti wa Kenya naye mwaka 1969 alichukua maneno mawili ya Kiswahili, sasa na zamani, akajenga juu yake dai kwamba wakati ujao wa mbali haukuwa na uzito kwenye fikra za jadi. Kina Kwame Gyekye wa Ghana wakampinga kwa mifano ya Kiakan. Dai lilikuwa na meno kwa sababu lingeweza kupingwa kwa sentensi za watu wengine. Nawataka Wana-Mwangwi wapate jirani wa lugha nyingine, ambayo kanusho lake linakaa mwishoni. Hao bonde haliwageuzi. Watawaona Wana-Mwangwi wendawazimu, na watakuwa na sababu.

#21 Jiwe la Pembeni

Chakula, sarufi, hoja. Hakuna aliyesema wanafanya nini wakiamka. Seneca, mwanafalsafa wa Kirumi, anaeleza alivyojihoji kila usiku: taa imezimwa, mkewe anajua mazoea yake amenyamaza, yeye anaipitia siku nzima bila kujificha kitu. Hiyo ndiyo inayowashika watu kwenye shule, kabla hata hawajaelewa mantiki.

Wapeni kamba. Kila jioni funga fundo moja kwa kila ulichosema bondeni, kwenye ncha ya kulia. Kila asubuhi hesabu mafundo ya siku ya 40 kwenye ncha ya kushoto, kaa, sikiliza, kisha fungua. Kamba haipungui wala haikui kama unasema kwa kiasi kilekile. Inayorefuka ni ya mwenye kusema sana. Sheria moja tu: siku neno lako limerudi, hulijibu. Unalijibu kesho yake, ambayo itarudi baada ya siku 40 nyingine.

Kinachoharibika ni hiki. Mwanafunzi makini anaogopa kamba ndefu, anasema kidogo. Mwanafunzi wake anasema kidogo zaidi. Kizazi cha tatu wote ni mabubu wenye kamba tupu wakijiita wamekamilika, na "kimya hakirudi" iliyokuwa onyo imekuwa ahadi. Nani anafundisha kizazi cha nne?

#22 Bibi Hoja

Yule anayewachukia anawafundisha. Carvaka wa India, waliokana Veda na maisha baada ya kifo, maandishi yao karibu yote yamepotea. Sehemu kubwa ya tunayojua imeandikwa na wapinzani wao, walioieleza hoja ili waivunje. Mpe adui wa Wana-Mwangwi kitabu, na kiwe ndicho pekee kilichobaki. Msomaji wako asome mafundisho yote kupitia kinywa cha mtu anayewadhihaki. Na adui awe mtu wa kuchagua. Ghazali, mwanazuoni wa Kiislamu, aliorodhesha masuala 20 dhidi ya wanafalsafa, akahukumu kufuru kwenye matatu tu: kudai ulimwengu hauna mwanzo, kukana kwamba Mungu anajua mambo mojamoja, na kukana kufufuliwa kwa miili. Yale 17 aliyaita uzushi au makosa. Adui anayekataa vyote hajasoma, na mwanafalsafa Ibn Rushd alipomjibu Ghazali alikuwa na pa kuanzia kwa sababu mwenzake alipanga vizuri.

#23 Mchokozi

Kwa hiyo tumerudi kwenye ugomvi wa #1. Bado nasema chakula. Mabubu wa #21 hawakufa kwa kuogopa kamba, walikufa kwa kuwa shahidi asiyesema halipwi.

#24 Kamba Tatu

Nawasoma wote, ahsanteni. Wazo: mwasisi alitamka sentensi ya kwanza akafa siku ya 39. Hakuisikia ikirudi. Je, lilikuwa neno lake?

#25 Sikio la Kufa

Sinema hiyo. Siku ya 39 kabisa?

#26 Bundi Mchana

Ni sinema, lakini inaibeba sentensi ya pili, ambayo uzi mzima umeipita kama gari la wagonjwa. Asemaye siye asikiaye. Kwenye kitabu kimoja cha Kibuddha, Mfalme Milinda alimuuliza mtawa Nagasena kama aliyezaliwa upya ni yuleyule. Akajibiwa kwa taa: mwali wa zamu ya kwanza ya usiku na wa zamu ya mwisho, ni mmoja au ni miwili? Si yuleyule, si mwingine. Mwasisi asife, aishi tu mpaka siku ya 40, asikie sauti yake, aikane. "Huyo si mimi." Mashahidi wafanye nini hapo, wakati wanalipwa kwa kusema ni yeye?

#27 Fundi Sanifu

Mpeni fundo la ziada kwenye kamba.

#28 Msomaji Kimya

Nimekula, nimeshiba, sasa swali. Kwenye #9 kuna mwizi wa nafasi. Anasema "mimi nitalipa" juu ya nusu dakika ya mtu mwingine, wakati mwangwi wa mwenye nafasi unapita. Siku ya 40 zinarudi zote mbili, moja ya mwizi ikiwa mpya, nyingine ya mwenye nafasi ikiwa imeshazunguka mara mbili na h yake imekwisha kabisa. Shahidi anasikia sauti mbili zinaahidi kulipa, na mmoja wao alikuwa amekataa. Anaandika deni la nani?

#29 Fundi Sanifu

Nipe mpaka kesho, nachora.